Mgongo wa Umm Saleh

"Simamisha hapo."

Fundi wa projekta alidhani natania. Akaendelea kumenya mbegu zake za tikiti na filamu ikaendelea.

"Nimesema simamisha. Sasa hivi."

Picha ikaganda ukutani. Mwanamke amesimama, mgongo kwetu, nywele ameziachia mpaka kiunoni, mikono iko juu, mishumaa ya hina inawaka pembeni yake. Uso hauonekani. Picha ile niliipiga mimi. Lakini sikuipiga kwa ajili ya ukumbi ule, wala kwa ajili ya macho ya mwanaume yeyote duniani, na mle ndani walikuwemo wawili.

"Zima," nilimwambia fundi. "Halafu tupishe kidogo, mzee wangu."

Alimtazama Iyas. Iyas akamwashiria kwa kichwa, mzee wa watu akatoka na mfuko wake wa mbegu.

Iyas ndiye aliyeongoza filamu ile, inayohusu mama yake na shamba. Ndiye pia aliyekuwa mume wangu kwa karatasi: nikaha ilishasomwa, harusi tumeipanga Agosti, na mpaka siku hiyo kila mtu anakaa kwao, yeye Ramallah, mimi kwa baba yangu Halhul. Filamu ilishaonyeshwa ng'ambo bila mimi, kwa kuwa nilikuwa Amman kwenye kazi ya watu wengine. Ikarudi na tuzo ya upigaji picha, jina langu juu yake. Alhamisi ilikuwa ionyeshwe nyumbani kwa mara ya kwanza. Siku hiyo ilikuwa Jumatatu, na mimi nilikwenda kukagua rangi tu.

"Umeitoa wapi?" nilimuuliza.

"Kwenye diski yako."

"Diski gani?"

"Ruwayda, unaijua. Si uliniambia nichukue picha za shamba kwenye rafu yako? Zilikuwa pamoja."

"Nilikuambia za shamba."

"Nilikuwa nafungua moja moja natafuta. Nikaikuta hii. Wallahi nilikaa chini nikalia."

"Uliitazama yote?"

Akaanza kukunja mikono ya shati lake.

"Nakuuliza, Iyas. Wanawake wa Halhul, vichwa wazi, mikono wazi, mlango wameufunga wenyewe kwa funguo. Ulikaa kwenye kiti chako ukawatazama wote?"

"Nilitazama kama msanii."

"Ulitazama kama mwanaume anayechungulia dirishani."

Nieleze kazi yangu, mtu asije akasema nina hasira za bure. Kabla sijaingia kwenye filamu, nilikuwa napiga picha za harusi upande wa wanawake, na hata baadaye sikuacha. Kwetu wanaume wana ukumbi wao na wanawake wana wao, na kamera ya kule ndani haishikwi ila na mwanamke. Mle ndani mitandio inavuliwa, zinaimbwa nyimbo ambazo kaka zao wakizisikia watazimia. Wengi wanataka kumbukumbu lakini hawataki sura zao zibaki kwenye diski. Basi nikajifunza kukaa chini, usawa wa mtu aliyekaa, nyuma yao, nikipiga visogo, viganja, visigino, vivuli ukutani. Taa sikuwasha hata siku moja, kwa sababu taa ya kamera inamkumbusha mwanamke kwamba anatazamwa. Nilipoingia kwenye filamu nikaenda na mazoea yaleyale. Mwanzoni wanaume wa kazini walinicheka, wakaniita Mama Visogo. Baadaye wageni wakaandika kwamba huo ni mtindo mpya, kamera yenye haya. Sikuwasahihisha. Ila mimi nilijua kwamba lile lilikuwa sharti la wenye nyumba.

"Uso hauonekani," Iyas alisema. "Nilichagua kwa makusudi kipande kisicho na uso. Hakuna atakayemjua."

"Wewe unamjua?"

"Ni mwanamke tu."

"Ni Umm Saleh. Ilikuwa hina ya binti yake. Saleh mwenyewe, mwanawe, yuko jela, hana kesi, hana tarehe ya kutoka. Tangu jeshi limchukue, mama yake hajapiga hata kofi kwenye harusi ya mtu. Siku ile binti yake alimlilia, wanawake wakamzunguka, akanyanyuka akacheza. Kabla hajanyanyuka aliniuliza mimi nitakuwa wapi. Nikamwambia nitakuwa nyuma yake."

Macho ya Iyas yaling'aa. Mungu anisamehe, niliona yaking'aa.

"Ndiyo maana ina moyo namna hii," alisema. "Sasa ulivyonieleza ndiyo naelewa."

"Iondoe."

"Haiwezekani."

"Kabla ya Alhamisi."

"Ruwayda, tuzo umepewa kwa picha hii. Waamuzi waliitaja hii, sio nyingine. Ukiitoa unajitoa mwenyewe. Nilifanya kwa ajili yako. Miaka yote unajibanza nyuma ya watu, nikataka dunia ikujue."

"Ulitaka dunia inijue, ukaniibia."

"Mume hamwibii mkewe."

Alilisema kwa upole kabisa, kama mtu anayemwambia mtoto jua linatokea wapi. Nilichukua mkoba wangu nikatoka.

Nilikuwa kwenye ngazi simu ilipolia. Ujumbe wa sauti kutoka kwa Umm Saleh. Niliufungua palepale.

"Ruwayda, mke wa ndugu yangu amenionyesha simu yake. Kuna tangazo la filamu, sekunde chache tu. Nimejiona. Usiniambie sio mimi. Mgongo mtu anaweza kuufananisha, lakini kanzu ile nimeitarizi kwa mkono wangu, na ile miti ya miberoshi niliyoishona nyuma, chini ya kiuno, niliigeuza vichwa chini makusudi ili mtu asiniige. Halhul nzima wanaijua. Sasa niambie imefikaje huko."

Iyas alikulia mjini, mama yake anavaa sketi. Alidhani mtu anatambulika kwa uso tu. Hata tungemfunika Umm Saleh gunia kichwani, wanawake wetu wangemtambua kwa sindano yake. Nilirudi ndani, nikamsikilizisha ujumbe wote mpaka mwisho.

"Tangazo nitaliondoa leo," alisema.

"Na filamu?"

"Filamu ina mikataba."

Hivyo ndivyo alivyonijibu.

Kesho yake nikaenda kwa Umm Saleh. Alikuwa sebuleni anapanga majani ya mzabibu ya kupika, moja juu ya jingine, hakuinua kichwa.

"Ingia. Usisimame mlangoni kama askari."

Nikaingia. Hakuniambia nikae.

"Nani aliichukua?"

"Sio mimi, mama."

"Sijakuuliza nani sio. Nimeuliza nani."

"Iyas."

"Mumeo."

"Kwa karatasi."

"Basi ni wewe. Mimi simjui Iyas. Mlango nilikufungulia wewe."

Akaendelea kupanga majani, na sauti yake haikupanda hata kidogo. Afadhali angenipigia kelele.

"Mama mkwe wangu alikuja jana. Ameniuliza: mjukuu wangu analala kwenye saruji, wewe ulikuwa unamchezea nani? Nimjibu nini? Nimwambie binti yangu alinililia? Nimwambie nilitamani nijisikie mtu, dakika mbili tu? Nitamwambiaje, Ruwayda? Wewe una maneno mengi, umesoma, nipe mimi maneno ya kumwambia."

"Mama..."

"Na Saleh atasikia. Mfungwa mpya akiingia anaulizwa habari za mtaani. Atamwambia, mama yako alionekana kwenye sinema anacheza."

"Nitaiondoa. Naapa."

"Iondoe. Halafu nyumba hii usiikanyage tena na kamera yako."

Nilipofika kwetu nikamwandikia Iyas: "Usipoiondoa, hakuna harusi."

Akajibu: "Umechoka mpenzi wangu. Lala kwanza, tutaongea."

Nilisoma jibu hilo nikaona giza. Nilimpenda mtu huyu, niseme wazi. Kati ya waongozaji wote niliofanya nao kazi, yeye peke yake ndiye aliyewahi kuniuliza kwa nini siwashi taa, akakaa akasikiliza jibu, akacheka na mimi kuhusu Mama Visogo. Kumbe alikuwa anasikiliza ili ajue kilichoko kwenye rafu yangu. Nikamwandikia tena: "Sijachoka. Nina hasira. Jifunze kutofautisha."

Hakujibu. Badala yake, Jumatano alasiri, alituletea jaha: wazee wa ukoo wao, suti na vilemba, wakiongozwa na ami yake Abu Ghassan. Baba aliwakalisha sebuleni, kaka yangu akawamiminia kahawa chungu. Mimi nilikuwa nyuma ya mlango na mama. Nikamsikia Abu Ghassan akiweka kikombe mezani.

"Abu Munir, kijana wetu amemuudhi binti yako katika mambo ya kazi zao. Tumekuja kuomba radhi. Kahawa yenu tunaiheshimu, lakini hatuinywi mpaka mtupe tulichokifuata."

"Karibuni, mmefika kwenu," baba alisema. "Ila nataka nijue, kosa lenyewe ni lipi?"

"Mzee, ni ile picha ya mama mmoja wa hapa Halhul," Iyas akaanza, "jirani yenu..."

Nilisukuma mlango nikaingia. Wanawake wa kwetu hawaingii kwenye jaha. Mama alinishika mkono, nikauchomoa.

"Nyamaza," nilimwambia Iyas. "Ukiongeza neno moja mbele ya wanaume hawa, umefanya kosa la pili."

Abu Ghassan alitazama kikombe chake. Baba alinigeukia mimi, akasema:

"Sema, binti yangu. Umeshaingia."

"Wazee wangu, nawaheshimu, lakini mmekosea nyumba. Aliyekosewa sio mimi wala sio baba yangu. Na kwake hamwezi kwenda, kwa sababu mkifika mtaanza kuuliza kosa, na kosa lenyewe halitajwi mbele ya wanaume. Nataka kitu kimoja. Aondoe alichokiweka. Kesho kiwe kama hakijawahi kuwepo, na yeye asiseme neno, si ukumbini, si gazetini, si kwa rafiki yake. Akifanya hivyo, Agosti nitakwenda kwake kama tulivyopanga. Na sitamkumbusha maisha yangu yote."

"Umesikia?" Abu Ghassan alimuuliza mpwa wake.

Iyas alisimama. Alikuwa amepauka.

"Nimesikia, ami. Naiondoa leo. Na sitasema neno."

"Mbele ya hawa?"

"Mbele ya hawa."

Baba akanitazama. Nikainamisha kichwa kukubali.

"Kunyweni kahawa yenu," baba aliwaambia.

Wakanywa wote, Iyas wa kwanza. Nilipomwona anakunywa, moyo wangu mjinga ukalegea. Nikaifikiria Agosti.

Alhamisi ukumbi ulijaa mpaka watu wakakaa kwenye ngazi. Nilikaa safu ya nyuma kama kawaida yangu. Filamu ikaanza, nikaona shamba, nikaona mikono ya mama yake Iyas, nikaona kazi yangu na nikaipenda. Ilipokaribia ile sehemu, nilishika kiti kwa mikono miwili.

Ukuta ukawa mweusi.

Nikadhani umeme umekatika. Halafu nikasikia sauti. Vigelegele. Makofi ya wanawake, ngoma, mtu anaimba, na katikati yake sauti ya binti ikisema, "Cheza mama, kwa ajili yangu." Picha alikuwa ameiondoa. Sauti ameiacha. Dakika mbili nzima tulikaa gizani tukisikiliza chumba cha wanawake wa Halhul, na watu wakawa wamenyamaza kama wako msikitini.

Filamu ilipokwisha akapanda jukwaani na kipaza sauti mkononi.

"Mmeona giza," alisema, na sauti yake ikatetemeka vizuri kabisa, mahali panapotakiwa. "Giza lile ni la mwanamke mmoja wa Halhul, mama wa mfungwa, aliyecheza mara moja tu kwenye hina ya binti yake. Nilikuwa na picha yake. Ilikuwa picha nzuri kuliko zote. Nimeitoa, kwa heshima yake."

Watu wakasimama. Wakapiga makofi mpaka viganja vikawauma. Dada mmoja kando yangu alijifuta machozi akaniambia, "Mwanaume mwenye utu kama huyu utampata wapi?"

"Chukua," nilimwambia. "Yuko huru sasa."

Nilimkuta kwenye ujia wa nyuma, ameshika shada la maua, watu wanampiga picha na simu. Aliponiona akafungua mikono.

"Umeona?" alisema. "Umeona walivyosimama?"

"Ulikunywa kahawa ya baba yangu."

"Na nimetimiza. Picha haipo."

"Uliapa hutasema neno."

"Sikutaja jina, Ruwayda."

"Halhul ni kubwa kiasi gani? Wako wangapi, mama wa wafungwa walioozesha binti karibuni? Jana alijulikana na wanawake wanaojua tarizi. Leo anajulikana na kila mwanaume aliyeko humu, tena umewaeleza na habari zake zote."

"Ile ilikuwa heshima. Giza lile lina nguvu kuliko picha yenyewe, wewe mwenyewe ni msanii, umeliona..."

"Hata kuomba radhi unataka upigiwe makofi."

"Punguza sauti. Watu wanatutazama."

"Si ndicho unachokipenda?"

Akageuka kuwatazama wale watu, akatabasamu kidogo, kama kuwaomba wavumilie. Na mimi hasira yangu, ambayo tangu Jumatatu ilikuwa inachemka, ikatulia. Sikuwa tena na kitu cha kumwambia mtu huyu. Nilivua pete nikaidumbukiza kwenye maua yake. Nilipofika mlangoni alikuwa bado anaitafuta kati ya majani.

Baba alikuwa amekaa sebuleni niliporudi. Habari zilishamfikia, maana kijana wa shangazi alikuwepo ukumbini na alirekodi yote. Nilidhani ataniambia nifikirie, nisikimbilie, watu watasema.

"Alikunywa kahawa yangu," baba alisema. "Kwenye kikombe changu, mbele ya wazee wake, akajua anachokwenda kufanya." Akavaa viatu. "Kalete dhahabu yao."

Yeye mwenyewe ndiye aliyempigia simu Abu Ghassan. Nilimsikia akisema, "Ndugu yangu, wewe sina ugomvi na wewe. Ila mpwa wako usimlete tena." Abu Ghassan hakubisha. Jumapili tukaenda kwa kadhi.

Iyas aliniandikia siku ileile: "Utajuta. Nani atafanya kazi na mwanamke anayevunja ndoa kwa ajili ya mgongo?"

Nikamjibu: "Mgongo una mwenyewe." Halafu nikaifungia namba yake. Ile tuzo niliwarudishia waliotoa, nikawaandikia kwamba picha waliyoipenda haikuwa ya kwao kuipenda.

Kazi zilipungua, sitasema uongo. Waongozaji wawili walinipigia kusema mpango umebadilika. Harusi nazo hakuna aliyeniita. Wanawake walinisalimia vizuri sokoni, wakauliza hali ya mama, lakini binti zao wakaolewa bila mimi. Nilisikia wamemtafuta mpigapicha wa kike kutoka Hebron. Mama alikuwa anaficha kadi za mwaliko nisizione.

Zabibu zilikuwa zimeanza kuiva nilipopata ujumbe kwa Umm Saleh. Wa maandishi safari hii.

"Sijakusamehe. Hina ya mpwa wangu ni Jumanne baada ya swala ya adhuhuri. Njoo. Kamera iache."

Nikaandika: "Nije kufanya nini, mama?"

"Utajua ukifika."

Nilikwenda. Wanawake walikuwa wamekaa kuzunguka kuta nne, bibi harusi katikati ya wenzake, karibu wote nimewahi kuwapiga picha. Mikono yangu ilikuwa mitupu, sikujua niiweke wapi. Nikatafuta pa kukaa kwenye pembe ya nyuma.

"Hapana," Umm Saleh alisema. "Wewe leo hukai huko. Fungeni mlango."

Mlango ukafungwa.

"Vua mtandio. Achia nywele."

Nikavua. Nikaachia.

"Simama katikati."

Nikasimama. Hakuna aliyeimba. Walinitazama tu, wote, kuanzia visigino mpaka kisogo. Mimi niliyewatazama maisha yangu yote sikuwahi kujua macho yanachoma namna ile. Mama mkwe wa Umm Saleh alikuwepo, yule bibi, naye alinitazama bila kupepesa. Nilitamani kukimbia. Nikamtazama Umm Saleh nikadhani atacheka, au atanitukana, na vyote viwili ningevipokea.

"Cheza," alisema. "Na sisi tukuone."

Nikanyanyua mikono. Sijui kucheza, sijawahi kujua, siku zote nilikuwa na kitu cha kushika. Nilizunguka mara moja nikajikwaa kwenye zulia.

"Anacheza kama amebeba kamera begani," mtu akasema, na chumba kizima kikacheka. Hata bibi yule alicheka.

Nikaanza kulia huku nacheza. Nililia kwa ajili ya Agosti yangu, na kwa aibu, na kwa hasira ambayo kumbe haikuwa imekwisha. Hakuna aliyeniambia ninyamaze. Umm Saleh alinyoosha mkono akaichukua ngoma kutoka kwa binti aliyeishika, akaiweka pajani, akaanza kupiga. Hakunitabasamia hata kidogo. Lakini hakuacha kupiga mpaka nilipochoka mwenyewe nikakaa.